Nyumba Tuliyoshindwa Kuichoma

Siku mliponiaga pale uani kwa soda na keki, mmoja wenu aliniuliza kazi yangu hasa ilikuwa nini. Nilicheka, kwa kuwa aliyeuliza amenibebea mbao kwa miaka, lakini swali lenyewe si baya. Kwenye filamu zetu jina langu huandikwa mara mbili: Zaina mtayarishaji, kisha Zaina tena, msanifu wa mandhari. Maana yake ni kwamba asubuhi nilitafuta petroli na ruhusa, mchana nikajenga chumba, na jioni nikagombana na mwongozaji wetu, Papa Anselme, ambaye kila nikimjengea chumba alitamani kisiwepo. Filamu zetu hazikuwa na hadithi. Zilikuwa na mlango, ukuta, kivuli, mikono ya mtu anayekunja nguo kwa muda mrefu kuliko wewe unavyoweza kuvumilia. Mama yangu mzazi alitazama ya kwanza mpaka mwisho, akaniuliza kwa upole kama mashine iliharibika.

Mmeniomba niandike kabla sijasahau. Mambo ya vyeo na mishahara nayaruka. Cheo changu hakikubadilika, na mishahara yetu mnaijua.

Nilianza kazi mwaka ule wakimbizi walipovuka mpaka na Goma ikajaa watu hadi kwenye ngazi za makanisa. Nilikuwa nimemaliza kujifunza ushonaji. Baba yangu, Mngwana, Mwislamu wa asili ya Kasongo, aliendesha lori la kwenda Butembo, na alikuwa na turubai kubwa kuliko madereva wote wa mtaa. Papa Anselme, aliyeonyesha filamu kwenye ukumbi wa parokia, alikuja kuliazima ili azibe mwanga madirishani. Baba akamjibu kwamba turubai haliendi popote bila mlinzi, akanituma nilifuate. Nadhani alitegemea nirudi jioni.

Kazi yangu ya kwanza ilikuwa kushona shuka nyeupe zishikane ziwe pazia la kuonyeshea filamu. Nilipomaliza tukalitundika, lakini petroli ya jenereta haikupatikana. Tukasubiri. Mlango ulikuwa wazi, na wakimbizi waliolala nje kando ya ukuta wakaanza kuingia mmoja mmoja, wakakaa chini kwa safu wakilielekea lile shuka. Hakuna aliyewaita. Walikaa mchana kutwa wakitazama shuka tupu. Hawakuzungumza, na hata watoto wa mgongoni hawakulia. Nilipoanza kulishusha, mzee mmoja aliyejifunika blanketi mabegani aliuliza kwa Kinyarwanda kama imekwisha. Papa Anselme akamwambia ndiyo. Yule mzee akashukuru kwa mikono miwili, wakatoka wote kwa utaratibu.

Papa Anselme alibaki ameshika ncha ya shuka.

“Zaina,” akaniambia, “bale batu balikuwa banaona nini?”

Nikaikunja ncha ya upande wangu. Miaka yote niliyofanya naye kazi alikuwa akijaribu kupiga picha ya kitu kile walichokiona, na mimi nilikuwa nikimtafutia petroli.

Kuhusu vifaa, ninyi mmezoea kamera zinazoingia mfukoni. Yetu ilikuwa ya kuzungushwa kwa ufunguo kama saa ya ukutani, na ilisaga kwa sauti iliyowaamsha mbwa. Tulipotaka isogee bila kutikisika tuliifunga juu ya chukudu, ile pikipiki ya mbao ya kubebea viazi na makabichi, na chini yake tukaweka gunia la maharage. Jaribuni hata sasa. Maharage yanameza mtikisiko kuliko sponji, na kazi ikiisha mnayapika. Chandarua cha mbu kililainisha jua. Filamu tuliiosha wenyewe kwa kahawa chungu iliyochanganywa na soda ya kufulia, ndani ya ndoo, katika chumba kisicho na dirisha nyuma ya ukumbi.

Kahawa ilikuwa na tabia yake. Iliacha madoa ya hudhurungi yaliyotembea juu ya picha, na watu wakaanza kuyatambua. Kulikuwa na mama muuza mboga wa mtaa wa Mabanga aliyerudi Jumapili baada ya Jumapili kuangalia doa moja tu, kwenye kona ya juu, ambalo alisema ni marehemu mama yake akiinamisha kichwa. Nilimweleza vizuri kwamba ile ni kahawa. Akanijibu kwamba anajua ni kahawa, akaomba niirudishe nyuma kidogo. Nikairudisha.

Vita vya kwanza vikaja, vya pili vikafuata, na kila kundi lililoushika mji lilituma mkubwa wake kukagua filamu zetu. Wote walilala usingizi kabla ya katikati na wakatupa ruhusa walipoamka. Baadaye mlima wa volkano ulio juu ya mji ukashusha moto, ghala letu likaondoka na kila nilichojenga, na nililia kwa ajili ya viti kuliko nilivyolia kwa mambo makubwa zaidi. Lakini mawe yalipopoa tulipata uwanja mweusi usio na mwenyewe, ulionyooka kuelekea mlimani bila mti wala ukuta, na Papa Anselme akaupenda kupita kiasi.

Hapo ndipo alipotaka filamu ya nyumba. Ilikuwa hivi: nyumba moja ya mbao juu ya mawe meusi. Watu wanaingia mmoja mmoja, hatoki hata mmoja. Mwisho nyumba inawaka moto mlango ukiwa umefungwa. Nikamuuliza je, na katikati? Akasema katikati ni kungoja. Moto ule ndio ulikuwa filamu nzima kwake, na mimi niliukubali, nikatafuta petroli kwa ajili yake.

Mnajua nyumba zetu za Goma. Mtu akihama anang'oa misumari, anapakia nyumba, anakwenda kuisimamisha kwingine. Wakati wa vita kuna wengine wanaong'oa nyumba zisizo zao, ambazo wenyewe wamekimbia, na mbao zinashushwa mjini kuuzwa. Nilikwenda Mabanga na fundi seremala wetu, Muhindo, tukapata rundo zuri lililokauka vizuri. Nikamuuliza muuzaji limetoka wapi. Akasema barabara ya Rutshuru, kisha akaanza kumpigia kelele mtu mwingine. Miaka ile mtu hakuuliza mara mbili. Nilichokigundua tulipofika uwanjani ni harufu ya samaki wa chumvi. Niliziosha mbao zile kwa sabuni na majivu, nikazianika juu ya mawe, harufu ikaondoka. Mvua ya kwanza ikairudisha.

Kila ubao ulikuwa na alama iliyochomwa kwa chuma cha moto: mistari, misalaba, miduara. Muhindo alielewa mara moja. Kuna mtu aliyewahi kuihamisha nyumba hii akazitia alama ili ajue kuirudisha. Mimi nilikuwa na mchoro wangu, chumba kipana chenye mlango unaotazama ziwa, na nilitaka ufuatwe. Mbao zikagoma. Zilikuwa fupi pale nilipotaka ndefu, na matundu ya misumari hayakukutana. Tulipochoka kugombana Papa Anselme akasema tuziache mbao zijipange zenyewe. Wale waliosoma sana huko nje waliita jambo la namna hiyo falsafa. Muhindo aliliita kupunguza kazi, akafuata alama.

Nyumba ikasimama kabla ya jua kuzama. Hakuna ubao uliobaki wala uliopungua. Haikufanana na mchoro wangu hata kidogo: ilitazama mlima, mlango wake ulikuwa mfupi, dirisha dogo likiwa kushoto, na ndani, kwenye ukuta wa nyuma, palikuwa na msumari mkubwa chini sana, usawa wa goti, ambao hakuna aliyejua kazi yake. Muhindo aliizunguka akiipapasa. Akaniambia hajawahi kujenga nyumba upesi hivyo na kwamba hakufurahi. Tangu siku hiyo alikula chakula chake nje, hata mvua ikinyesha.

Watu wa kuingia ndani ya nyumba tuliwapata katika kambi ya waliohama, kwa kuwa mapigano yalikuwa yameanza tena upande wa kaskazini na kambi ilikuwa imefika karibu na uwanja wetu. Mpango ulikuwa rahisi. Mtu anaingia mlangoni mbele ya kamera, anapita gizani, anatokea nyuma, pale tulipong'oa mbao mbili nikaziba kwa turubai jeusi, anazunguka mbali na kamera kwenda kupokea chakula. Walifanya vizuri wote. Wa mwisho alikuwa Mama Kavira, Mnande wa makamo aliyeuza unga wa muhogo kambini. Aliingia, na hakutokea.

Kamera iliendelea kusaga. Papa Anselme alifurahi, akanong'ona kwamba hatimaye kuna mtu aliyeielewa filamu. Mimi nilizunguka nyuma, sikumkuta mtu. Furaha, binti aliyeshughulikia sauti, akavua kaske za kusikilizia masikioni na kuniambia kuna pumzi ndani. Nikaingia. Macho yalipozoea giza nikamwona Mama Kavira amekaa chini, mgongo umeegemea ukuta wa nyuma, mkono mmoja ameuinua pembeni na kuushika ule msumari. Hakuwa akiutazama. Aliufikia gizani kama mtu anavyofikia swichi ya chumbani kwake.

“Hapa njo taa ilikalaka,” akasema. “Chini, ili batoto basiogope.”

Nikafikiri anaigiza, nikataka kumwambia kamera haimwoni humo. Akaendelea kwa sauti ileile kunieleza kwamba nyuma ya mlango, chini, kuna ubao mmoja ambao mume wake aliukata vibaya, akaupiga kipande cha bati ili panya wasipite. Nikausogeza mlango. Bati lilikuwepo. Nilikuwa nimelipaka rangi kwa mkono wangu. Nikakaa chini karibu naye.

Alitueleza sote, pale kizingitini, na alieleza bila kulia. Mume wake, Paluku, alinunua samaki wa chumvi Vitshumbi na kuwaleta Rumangabo, ambako nyumba yao ilikuwa kando ya barabara. Samaki walilala ndani pamoja nao. Nyumba yenyewe aliileta kwa lori kutoka upande wa Butembo, na alama zile ni za chuma chake. Safari yake ya mwisho ya Vitshumbi kulikuwa na fununu za vita, kwa hiyo wakaagana: litakalotokea lolote, mke angoje nyumbani, mume atamkuta hapohapo.

Kisha kulikuwa na hodi yao. Wenzangu mliozaliwa baadaye huenda hamjui kwamba watu wenye bunduki nao walibisha hodi, tena kwa adabu, ili mlango ufunguliwe. Kwa hiyo watu wa barabara ile walipatana kila nyumba na namna yake. Paluku alisema hodi mbili za haraka, akavuta pumzi, halafu ya tatu chini chini. Mke akiitikia “karibu”, anaingia. Asipoitikiwa baada ya ile ya tatu asiguse mlango, kwa kuwa kimya kilimaanisha ndani si salama, kuna watu wabaya. Hapo aondoke bila kugeuka nyuma.

Makombora yalipofika Mama Kavira hakuweza kungoja. Alikimbia na watoto. Paluku hakuonekana tena, na hakuna aliyemwambia amekufa. Mama Kavira alirudi mara moja Rumangabo kuangalia, akakuta mawe ya msingi tu. Kwake hilo ndilo lilikuwa baya kuliko yote: waliagana mahali, na mahali penyewe hapakuwepo. Sasa pamesimama mbele yake, na kidumu cha petroli kimekaa mlangoni.

Papa Anselme hakuwa mtu katili, msimwelewe vibaya. Alimwahidi mbao mpya, nzuri zaidi, na Muhindo wa kuzijenga. Lakini alisisitiza kwamba bila moto hakuna filamu, na kwamba barabara ikifungwa hatutarudi uwanjani tena. Yote mawili yalikuwa kweli. Mama Kavira alimsikiliza mpaka mwisho, kisha akanigeukia mimi.

“Mama Zaina,” akasema, “mbao ya mupya haimujue. Mukiunguza iyi, ye atafika wapi?”

Nilijibu kama mtayarishaji anayetaka kuvuta muda. Nikasema kwanza tuchukue kimya.

Hili la kimya lishikeni, vijana, kwa kuwa siku hizi mnaliruka. Kila mahali pana kimya chake. Kimya cha kanisa si cha jikoni, na ukija kuunganisha filamu bila kimya cha mahali penyewe masikio ya mtazamaji yanagundua kabla yake. Kwa hiyo Furaha, kila mara kabla hatujabomoa chochote, aliweka maikrofoni katikati ya chumba, akainua mkono, na mkono ule ukiwa juu hakuna aliyekohoa wala kusogea. Siku moja nilimwona Muhindo akiumwa na nyuki mdomoni akatulia tuli. Watu wa kambini tuliwafundisha sheria hiyohiyo siku ya kwanza: kikohozi kikija, funika mdomo kwa mikono miwili, usiachie mpaka mkono wa Furaha ushuke. Mama Kavira alijifunza upesi kuliko wengi.

Tulikuwa watu watano ndani na mlango umefungwa. Furaha katikati, Papa Anselme na Muhindo wameegemea ukuta wa kulia, mimi dirishani, Mama Kavira chini ya msumari wake. Jua lilikuwa kali, haijafika saa sita. Mlinzi wetu alikuwa barabarani na watu wa kambi walikuwa wamekwenda zao na chakula. Furaha akainua mkono.

Kimya kilikuwa kizuri. Mbao zilikuwa zikilia kidogo kwa joto. Harufu ya samaki ilikuwa imerudi, ingawa mvua haikuwa imenyesha.

“Hodi, hodi.”

Ilitoka mlangoni, usawa wa uso wa mtu mzima. Sauti ya mwanamume aliyechoka, isiyo na haraka. Ikawa kama anavuta pumzi.

“Hodi.”

Ile ya tatu ilikuwa chini chini. Nilimwona Mama Kavira akifumbua mdomo, macho yake yakaenda kwenye mkono wa Furaha. Mkono ulikuwa juu. Furaha alikuja kuniambia kwamba alitaka kuushusha na haukumtii. Mama Kavira akafunika mdomo wake kwa mikono miwili, kama tulivyomfundisha. Nasi wengine, watu wa kazi, tuliozoea kunyamaza hata nyuki akituuma, tukanyamaza.

Kisha tukasikia hatua. Mnajua hakuna anayeweza kutembea juu ya mawe yale bila yeye kusikika, yanavunjika kama sahani. Zilikwenda zikipungua, bila kukimbia, wala hazikusimama. Zilipokwisha kabisa mkono wa Furaha ukaanguka wenyewe, nami nikafungua mlango.

Hapakuwa na mtu. Uwanja mweusi ulikuwa tupu hadi chini ya mlima, na mahali pa kujificha hapakuwepo hata kwa mbuzi. Mlinzi aliapa kwamba hajaona mtu akija wala akienda.

Mimi si mtu wa kuamini kila kitu. Nimetengeneza mizimu kwa shuka, kwa unga, kwa uzi mweusi na kioo, na najua mzimu mzuri unachukua siku ngapi kukauka rangi. Nilitafuta uzi. Nilitafuta spika chini ya sakafu. Nilimshuku Muhindo, ambaye alikuwa amesimama mbele ya macho yangu muda wote, midomo imebana, na uso umekuwa wa majivu. Furaha akairudisha tepu. Mambo yote yalikuwemo, hodi mbili, pumzi, ya tatu, na hatua. Akampa Mama Kavira kaske. Alisikiliza, akazivua, akamrudishia kwa mikono miwili.

“Ni ye,” akasema. “Alifika. Alikuta nyumba. Na hakuna mutu alimuitika.” Akatutazama mmoja mmoja, bila hasira, na afadhali angekuwa na hasira. “Mulisema tunyamaze.”

Akatoka, akasimama juu ya mawe akielekea mlima, akaanza kuita, “Karibu! Karibu!” Aliita mpaka jua likapinduka na sauti ikamkauka. Hakuna kati yetu aliyethubutu kumshika. Nililia, na Papa Anselme alilia, na katika miaka yote ya vita sikuwahi kumwona akilia. Baada ya muda alikichukua kile kidumu, akakimimina chote ndani ya jenereta, akafunga kifuniko. Habari ya moto haikuzungumzwa tena, siku ile wala baadaye.

Kwa mara moja maishani mwangu nilibomoa mandhari kwa uangalifu kuliko nilivyoijenga. Muhindo aling'oa kila ubao kwa alama yake. Tulipanga chukudu kwa msururu, tukaisukuma nyumba mpaka kwenye kipande cha ardhi cha baba yangu kule Mabanga, na mbao zikajipanga tena mlango ukitazama mlima. Mama Kavira akahamia na watoto wake. Taa aliitundika kwenye msumari wa chini siku ileile. Mtu akipita akabisha hodi kwa majirani, hata leo, utamwona Mama Kavira akiacha alichoshika asikilize.

Filamu ikaishia kwenye mlango uliofungwa. Baada ya hapo picha inakuwa nyeusi, na unabaki na kimya cha nyumba. Mimi nilitaka ile sauti itolewe, Furaha aliweza kuikata bila alama. Tulidhani ni heshima. Nilikwenda kumwuliza Mama Kavira, nikamkuta akipepeta unga.

“Mukikata,” akanijibu, “mutakuwa munamufukuza mara ya mbili.”

Tukaiacha.

Nilisafiri nayo nchi za mbali, kwenye kumbi zenye viti vya mahameli na watu makini wenye miwani. Hodi ilisikika gizani na wote wakatulia, wameegemeza vidole mashavuni. Baadaye bwana mmoja aliniuliza kama sauti ile inawakilisha taifa. Nikamwambia inawakilisha muuza samaki. Walicheka, wakapiga makofi, nami nikarudi chumbani nikiwa mgonjwa wa moyo. Kwa sababu kila tulipoionyesha, Paluku alikuja, akabisha, akangoja, na ukumbi mzima ukamnyamazia. Akaondoka. Mji baada ya mji nilikaa nyuma nikisikia hatua zake juu ya mawe. Mara kadhaa nilitaka kuitikia mwenyewe na sauti haikutoka, hiyo kazi ilikuwa imenifunga mdomo.

Goma tuliionyesha mwisho, pale pale ukumbi wa parokia, Jumapili baada ya misa ya pili. Niliziba madirisha kwa turubai la baba, lililokuwa na viraka vingi kuliko kitambaa chenyewe. Watu walijaa: kina mama wa soko, vijana wa pikipiki, watu wa kambini ambao walitaka kujiona wakiingia nyumbani. Walicheka walipojiona. Mama Kavira alikaa safu ya mbele na kitenge chake cha Jumapili, mkoba wake ameuweka kwenye kiti cha pembeni. Kamera ikafika kwenye mlango. Picha ikawa nyeusi, na kimya cha ile nyumba kikashuka ukumbini.

“Hodi, hodi.”

Nikasikia viti vikilia. Hapa kwetu mtu hawezi kusikia hodi akabaki ametulia, mdomo unatangulia. Vichwa viligeuka, mtu akakohoa, wengine wakaanza kunong'ona. Ile pumzi ikapita.

“Hodi.”

“Karibu,” ukumbi ukajibu.

Waliitikia wote kwa pamoja, si kwa kelele, kama unavyomwitikia mtu wa nyumbani. Muhindo aliitikia, Furaha aliitikia kutoka kwenye mashine, Papa Anselme ameegemea ukuta aliitikia, askari wa mlangoni aliitikia. Nami sauti ilinitoka.

Mama Kavira peke yake hakusema neno. Hatua zikaanza juu ya mawe, kwenye spika zetu kuukuu, katika giza lile. Aliinama, akautoa mkoba wake kwenye kiti cha pembeni na kuuweka chini. Akakifuta kile kiti kwa ncha ya kitenge. Kisha akavuta magoti yake pembeni, kama tunavyofanya mtu anapopita kwenye safu kutafuta mahali pake.